Kwa Nini Makombora ya Nyuklia Yalishushwa Baharini

Katika toleo lililopita nilijibu swali fupi kuhusu Vita Baridi, na ndani ya jibu hilo nilidokeza kwa sentensi moja kwamba nyambizi zilizobeba makombora ya nyuklia zilibadilisha mashindano ya silaha kati ya Marekani na Muungano wa Kisovieti kuliko chombo kingine chochote. Sentensi hiyo imeniletea barua nyingi kutoka mitaa mbalimbali ya Nairobi, na kwa kuwa nyingi zinauliza mambo yanayoshikana, nimeutenga ukurasa wote wa mwezi huu kuzijibu.

Swali: Mhariri, mimi ni mwalimu wa historia katika shule ya upili mtaani Buruburu. Nilipokuwa nikifundisha Vita Baridi, mwanafunzi wa kidato cha nne aliniuliza kwa nini mataifa yaliyokuwa na ndege za kudondosha mabomu, na makombora ya ardhini yenye uwezo wa kuvuka bahari, yalihangaika kutia makombora mengine ndani ya nyambizi. Nilimjibu kwamba bahari ni kubwa, lakini niliona wazi kwamba jibu langu halikumkata kiu.

Jibu: Mwalimu, jibu lako halikuwa na kosa, lilihitaji tu kusogezwa hatua moja mbele. Udhaifu wa silaha za nchi kavu ni kwamba zina anwani. Uwanja wa ndege za kivita hauhami, na shimo la zege ambamo kombora husimamishwa, likishapigwa picha kutoka angani, huingia katika ramani ya adui na kubaki humo. Tena makombora ya kwanza ya masafa marefu, kama vile Atlas ya Marekani, yalitumia oksijeni ya kimiminika ambayo haiwezi kukaa tangini kwa muda mrefu, kwa hiyo yalijazwa wakati wa kurushwa ulipokaribia, na dakika hizo za kujaza zilitosha kumkosesha usingizi jenerali yeyote. Kila upande ulihofu kwamba mwenzake angepiga kwanza na kuyateketeza makombora yake yakiwa yangali yamelala. Mwenye hofu ya namna hiyo hushawishika kupiga kabla hajapigwa hata kama hana hamu ya vita, na kwa maoni yangu hiyo ndiyo iliyokuwa hatari kubwa kuliko zote za zama zile.

Nyambizi iliifuta ile anwani. Tarehe 17 Januari 1955 nyambizi ya Marekani iitwayo Nautilus iling'oa nanga kwa nguvu za kinu cha nyuklia, na tangu siku hiyo ikawa dhahiri kwamba chombo kinaweza kukaa chini ya maji kwa wiki nyingi bila kuibuka. Nyambizi za dizeli zilipaswa kupanda karibu na uso wa maji ili injini zipate hewa na betri zichajiwe, ilhali yenye kinu cha nyuklia hujitengenezea hewa na maji ya kunywa, na kinachoirudisha nyumbani ni chakula kuisha na watu kuchoka. Ukiweka makombora ndani ya chombo kama hicho, adui anaweza kuteketeza kila kambi yako ya nchi kavu asubuhi moja na bado akajibiwa kutoka mahali asipopajua. Anayelijua hilo hana faida ya kupiga kwanza, na mwenye nyambizi hana sababu ya kuharakisha kurusha. Ningependa wanafunzi wako walishike jambo hili kabla ya mengine yote: nguvu ya mlipuko ilikuwapo tele tangu mwanzo wa miaka ya 1950, na kilichonunuliwa kwa mabilioni ya dola na rubo kilikuwa maficho. Nayo maficho yana gharama yake, kwa maana kitu kisichoonekana na adui ni vigumu pia kukiokoa kikipatwa na ajali, kukipa amri, na kukihesabu katika mkataba. Barua zilizosalia zinagusa karibu gharama hizo zote.

Swali: Mimi na rafiki yangu, sote wanafunzi wa Kawangware, tumebishana hadi tukakaribia kukosana. Yeye anasema Warusi ndio waliotangulia kurusha kombora kutoka kwenye nyambizi, nami nasema ni Wamarekani. Nani yuko sahihi?

Jibu: Mwanangu, kila mmoja wenu ameshika upande mmoja wa ukweli, na tofauti yenu imo katika neno "kutoka".

Tarehe 16 Septemba 1955, katika Bahari Nyeupe kaskazini mwa Urusi, nyambizi ya dizeli B-67 ilirusha kombora aina ya R-11FM, lililobuniwa chini ya Sergei Korolev, mhandisi yule yule ambaye miaka miwili baadaye alirusha Sputnik, setilaiti ya kwanza duniani. Hilo lilikuwa kombora la kwanza la balistiki, yaani lile linalopandishwa na injini kisha likaanguka lenyewe kuelekea shabaha, kurushwa kutoka kwenye nyambizi, na hapo rafiki yako ana haki. Hata hivyo, nyambizi hiyo ilikuwa imeibuka, na kombora liliinuliwa hadi juu ya bomba lake kabla ya kuwashwa. Masafa yake yalikuwa takriban kilomita 150 tu, na chombo kilichoibuka mbele ya pwani ya adui kikiwa kimesimamisha kombora juu yake kimekwisha kuyatupa maficho yake yote. Kombora lililofuata, R-13, lilifika kilomita 600 hivi, nalo pia lilirushwa nyambizi ikiwa juu ya maji. Kazi hiyo ilikuwa imekwisha kuhamia kwa Viktor Makeyev, ambaye ofisi yake katika milima ya Ural iliunda karibu makombora yote ya nyambizi ya Kisovieti yaliyofuata.

Wamarekani walianza vibaya. Mwaka 1955 jeshi lao la majini liliambiwa lishirikiane na jeshi la nchi kavu katika kombora la Jupiter, lenye urefu wa mita 18 hivi na tangi la oksijeni ya kimiminika, kitu ambacho baharia mwenye akili timamu hawezi kukubali kulala nacho chumba kimoja. Mkuu wa jeshi la majini, Admirali Arleigh Burke, aliunda ofisi maalumu na kuikabidhi kwa Admirali William Raborn, na watu wake wakaanza kufikiria Jupiter ya mafuta yabisi, yaani magumu badala ya kimiminika, ambayo bado ingekuwa kubwa kiasi kwamba nyambizi moja ingebeba nne tu. Mambo mawili yaliwafungua. La kwanza ni ugunduzi wa Keith Rumbel na Charles Henderson, wahandisi wa kemikali wa kampuni ya Atlantic Research, kwamba ukichanganya unga mwingi wa alumini katika mafuta yabisi, msukumo wake huongezeka kuliko hesabu za awali zilivyotabiri. La pili lilitokea katika kikao cha wanasayansi cha kiangazi cha mwaka 1956, pale mwanafizikia Edward Teller alipohoji kwa nini kombora litakalotumika miaka ya 1960 libuniwe kwa kipimo cha kichwa cha nyuklia (sehemu ya kombora inayolipuka) cha miaka ya 1950, ilhali vichwa vilikuwa vikizidi kupungua ukubwa kila mwaka. Kabla ya mwaka huo kwisha, Jupiter iliachwa na Polaris ikaidhinishwa: mita 8.7, tani 13 hivi, na nafasi ya makombora 16 katika nyambizi moja.

Haraka ya kuikamilisha ilizidi baada ya Sputnik kuruka mwezi Oktoba 1957. Nyambizi ya kushambulia meli iliyokuwa ikiundwa katika karakana ilikatwa katikati, na sehemu mpya yenye urefu wa mita 40 hivi yenye mabomba 16 ikapachikwa kati ya vipande viwili, kama fundi wa Nairobi anavyokata fremu ya lori na kuirefusha. Chombo hicho kikaitwa George Washington. Tarehe 20 Julai 1960, mbele ya pwani ya Florida, kilirusha Polaris mbili kikiwa kimezama, ya pili ikifuata ya kwanza kabla ya saa tatu kupita, na nahodha wake James Osborn akamtumia Rais Eisenhower ujumbe mfupi kwamba kombora limetoka kilindini hadi kwenye shabaha, na kwamba kazi ni kamilifu. Mwezi Novemba mwaka huo huo kikaenda doria ya kwanza kikiwa na makombora yenye vichwa. Basi wewe una haki ukisema kwamba Wamarekani ndio walioleta nyambizi ya kwanza iliyoweza kufanya kazi yote bila kuibuka. Wasovieti walianza kuwa na kombora la kurushwa kutoka chini ya maji katika huduma, aina ya R-21, mwaka 1963.

Naongeza jambo ambalo halimo katika ubishi wenu, lakini linanisumbua kila ninapolisoma. Pande zote mbili zilijaribu makombora haya yakiwa na vichwa hai. Wasovieti walirusha R-13 tarehe 20 Oktoba 1961 ikalipuka katika eneo la visiwa vya Novaya Zemlya, kaskazini mwa Urusi, na Wamarekani wakarusha Polaris kutoka nyambizi Ethan Allen tarehe 6 Mei 1962 ikalipuka angani juu ya Pasifiki, karibu na kisiwa cha Christmas. Visiwa hivyo vilikuwa na wenyewe.

Swali: Mimi ni fundi wa injini Kariobangi. Ninachojua ni kwamba moto na maji havikai pamoja. Kombora huwashwaje likiwa chini ya bahari?

Jibu: Fundi, umeuliza swali ambalo wahandisi wenyewe walilikodolea macho kwa muda mrefu, na suluhisho lao utalielewa haraka kuliko wasomaji wengi kwa sababu unalo karakanani mwako: hewa iliyoshindiliwa. Katika Polaris za kwanza, kombora halikuwashwa ndani ya nyambizi hata kidogo. Lilisimama ndani ya bomba la chuma, na wakati wa kurusha ulipofika, shinikizo ndani ya bomba lilipandishwa hadi likalingana na la maji yaliyoko nje, kifuniko kizito kikafunguliwa, na maji yakazuiwa na utando mwembamba uliobaki mdomoni mwa bomba. Kisha hewa ya shinikizo kubwa iliachiliwa chini ya kombora kwa ghafla, nayo ikalisukuma likapasua utando na kupaa majini. Injini iliwaka kombora likishachomoza juu ya bahari. Baadaye hewa hiyo ilibadilishwa na mvuke na gesi zinazozalishwa na fataki maalumu, kwa kuwa chupa za hewa zilikuwa nzito na zilichukua nafasi.

Ukitaka kuona jambo la kwanza linaloendelea humo, chukua chupa tupu ya soda ya plastiki, ifunge, uizamishe ndani ya ndoo ya maji ikiwa imesimama, kisha uiachilie. Itaruka, lakini mara nyingi italalia upande kabla ya kutoka. Kombora nalo hupinduliwa na mawimbi na mwendo wa nyambizi, kwa hiyo sekunde ile ya kuwashwa ndiyo sekunde ambayo vyombo vyake vya uongozi vinapaswa kulisimamisha wima. Nyambizi nayo, ikiisha kutema mzigo wa tani 13 kwa mara moja, ingepaa isivyotakiwa kama bomba lisingejaa maji papo hapo kuchukua nafasi ya uzito uliotoka.

Wasovieti walipita njia nyingine. Kwa miaka mingi walibaki na mafuta ya kimiminika, na katika R-21 bomba lilijazwa maji kwanza na injini ikawashwa humo humo ndani. Wewe fundi unajua kwamba tangi lenye asidi au kemikali kali likivuja katika chumba kisicho na dirisha ni balaa. Kuanzia kombora la R-27, lililoingia huduma mwaka 1968, waliyajaza mafuta kiwandani na kuyafunga kabisa, jambo lililopunguza hatari bila kuiondoa. Mafuta yabisi ya Wamarekani hayakuhitaji tangi wala pampu. Yalimiminwa ndani ya ganda la injini yakagandamana mithili ya mpira mgumu. Ila nayo yana ila yake: yakiisha kuwaka hayazimiki. Ili kombora lisipitilize shabaha, ilibidi matundu yafunguliwe upande wa mbele wa injini ya juu kwa wakati uliopimwa barabara, gesi zitokee huko na msukumo ukome.

Swali: Nahodha aliye chini ya maji hupataje amri, na hujuaje alipo? (Msomaji wa Embakasi)

Jibu: Mawimbi ya kawaida ya redio hufa mara yanapogusa maji ya chumvi. Yale ya masafa ya chini sana hupenya mita kumi hadi ishirini hivi, kwa hiyo mataifa haya yalijenga milingoti mirefu ajabu nchi kavu, na nyambizi huburuta waya mrefu wa antena karibu na uso wa maji ili kuyanasa. Kituo kimojawapo kilifunguliwa North West Cape, magharibi mwa Australia, mwaka 1967, na kazi yake ilikuwa kuzungumza na nyambizi za Marekani zilizokuwa Bahari ya Hindi na Pasifiki ya magharibi. Nasema "kuzungumza", lakini nyambizi iliyo doria husikiliza tu na haijibu, kwa sababu kujibu ni kujifichua. Barua za nyumbani kwa mabaharia zilifupishwa zikawa maneno machache tu, na baharia hakuwa na njia ya kuzijibu.

Kuhusu kujua alipo, kombora haliwezi kufika linakokwenda kama halijui lilikoanzia. Nyambizi ilibeba vyombo vyenye magurudumu yanayozunguka kwa kasi kama pia ya watoto. Pia inayozunguka hukataa kugeuzwa, na kutokana na ukaidi huo chombo hupima kila mgeuko na kila ongezeko la mwendo. Kosa dogo hujilimbikiza siku baada ya siku, kwa hiyo ilihitajika njia ya kulisahihisha. Ilipatikana kwa bahati. Mwaka 1957 wanafizikia William Guier na George Weiffenbach walikuwa wakisikiliza mlio wa Sputnik, wakaona kwamba mlio hubadilika setilaiti inapokaribia na kupita, kama honi ya matatu inavyobadilika ikikupita kando ya Jogoo Road, na kwamba badiliko hilo linatosha kukokotoa njia ya setilaiti nzima. Mkuu wao Frank McClure akaligeuza wazo: kama njia ya setilaiti inajulikana, anayesikiliza anaweza kujua yeye mwenyewe yuko wapi. Hivyo ndivyo ulivyozaliwa mfumo wa setilaiti za Transit, uliokuwa ukihudumia nyambizi za Polaris kufikia mwaka 1964, na ambao mafunzo yake yaliingia katika mfumo unaoiongoza simu yako leo unapoita teksi.

Swali: Mwanangu ni baharia Mombasa, nami naishi South B. Nilisoma kwamba nyambizi hizo zimewahi kuzama na watu wake. Naomba unieleze bila kunificha.

Jibu: Mama, sitakuficha. Mwanao hayumo katika vyombo vya namna hiyo, kwa kuwa Kenya haina nyambizi, lakini naelewa kwa nini mzazi wa baharia husoma habari hizi kwa jicho lingine.

Tarehe 4 Julai 1961, nyambizi ya Kisovieti K-19, ya kwanza ya taifa hilo kubeba makombora na kuendeshwa kwa nyuklia, ilikuwa Atlantiki ya Kaskazini bomba la kupozea kinu lilipovuja. Chombo kilikuwa kimeundwa kwa haraka na hakikuwa na mfumo wa akiba wa kupoza. Vijana waliingia katika chumba cha kinu kwa zamu, kila zamu ikiwa dakika chache, wakachomelea bomba jipya kwa vifaa walivyokuwa navyo. Walifaulu, na wanane miongoni mwa waliopata mionzi walifariki kabla ya wiki tatu kupita.

Mwezi Machi 1968 nyambizi K-129 ilipotea Pasifiki na watu 98. Wasovieti waliitafuta bila kuipata, lakini Wamarekani waliipata kimyakimya katika kina cha karibu kilomita tano, na mwaka 1974 meli iliyojengwa makusudi, Hughes Glomar Explorer, ikainua sehemu yake. Miili sita iliyopatikana ilizikwa baharini kwa heshima za kijeshi, na filamu ya maziko hayo ilikabidhiwa kwa serikali ya Urusi mwaka 1992. Kwa miaka mingi jamaa za marehemu hawakujua wapendwa wao wamelala wapi, na hilo ndilo ninalolisema ninaposema kwamba maficho yana gharama.

Ninayemkumbuka zaidi ni Sergei Preminin. Tarehe 3 Oktoba 1986 nyambizi K-219 ilikuwa mashariki mwa Bermuda, maji ya bahari yakapenya katika bomba moja la kombora, yakakutana na mafuta ya kimiminika, bomba likalipuka na chombo kikajaa moto na moshi wa sumu. Vinu vilipaswa kuzimwa kwa mkono. Afisa aliyeanza kazi hiyo aliishiwa nguvu kwa joto, na Preminin, kijana wa miaka 20, akarudi peke yake kumalizia. Alimaliza. Alipotaka kutoka, shinikizo la hewa lilikuwa limeukaza mlango usifunguke kutoka upande wowote, na akafia humo. Nyambizi ilizama siku tatu baadaye pamoja na makombora yake. Mwaka 1997 Urusi ilimtangaza Preminin kuwa shujaa wa taifa. Waliokuwa wakiishi pwani ya Marekani wakati ule hawakujua jina lake, na wengi hawalijui hadi leo.

Naongeza moja ambalo halikuua mtu. Mwezi Februari 2009 nyambizi ya Uingereza Vanguard na ya Ufaransa Le Triomphant, zote za makombora ya nyuklia na zote za washirika wa kijeshi, ziligongana katika Atlantiki. Kila moja ilikuwa imetengenezwa isisikike, na ilifanikiwa.

Swali: Mikataba ya kupunguza silaha ilihesabuje kitu kilichofichwa? (Wakili, Upper Hill)

Jibu: Ilihesabu mabomba. Nyambizi haifichiki ikiwa bado inaundwa karakanani, na setilaiti za upelelezi ziliweza kuona mabomba yake ni mangapi. Makubaliano ya SALT ya mwaka 1972 yaliipa Marekani kikomo cha mabomba 710 na Muungano wa Kisovieti 950. Lakini wakati wino unakauka, Marekani ilikuwa imekwisha kupeleka baharini kombora la Poseidon, lililoanza doria mwezi Machi 1971, ambalo liliweza kubeba vichwa kumi au zaidi, kila kimoja kikielekea shabaha yake. Bomba likabaki moja katika hesabu na vichwa vikawa kumi. Naliona hilo kuwa kosa kubwa la mkataba ule, ingawa naelewa kwamba katika mwaka ule hapakuwa na njia ambayo pande zote mbili zingekubali ya kuchungulia ndani ya ncha ya kombora. Mkataba wa START wa mwaka 1991 ndio ulioanza kuhesabu vichwa na kuruhusu wakaguzi kufika.

Wakati huo huo masafa yaliongezeka. R-29 ya Kisovieti ya mwaka 1974 ilifika zaidi ya kilomita 7,000, hivyo nyambizi zao ziliweza kukaa katika Bahari ya Barents, mlangoni pa nyumbani, zikilindwa na manowari zao zenyewe. Kombora la Trident la Marekani lilifuata mwaka 1979. Uingereza ilikuwa imeanza doria za Polaris mwaka 1968 baada ya makubaliano ya Rais Kennedy wa Marekani na Waziri Mkuu wake Macmillan huko Nassau, Bahamas. Ufaransa ilifuata mapema mwaka 1972 kwa nyambizi na makombora iliyojiundia yenyewe. China na India zilijiunga baadaye.

Swali: Nimezaliwa Malindi na sasa naishi Lang'ata. Babangu alitusimulia kwamba roketi zilizorushwa Ngomeni zilikuwa ndugu za makombora ya vita. Je, ni kweli? Na nyambizi za nyuklia hupita katika bahari yetu?

Jibu: Babako hakukosea, ingawa ndugu hao walitumwa kazi tofauti. Kati ya mwaka 1967 na 1988 kituo cha San Marco, kilichoendeshwa na Waitaliano juu ya majukwaa yaliyosimama baharini mbele ya Ngomeni, kilirusha roketi za Kimarekani aina ya Scout. Scout ilijengwa kwa kuunganisha injini za mafuta yabisi zilizokwisha kubuniwa kwa kazi nyingine, na ile ya hatua ya kwanza ilitokana na kazi iliyofanywa kwa ajili ya Polaris na Jupiter ya mafuta yabisi iliyotangulia. Tarehe 12 Desemba 1970, Kenya ikiadhimisha miaka saba ya uhuru, roketi kama hiyo ilipeleka angani setilaiti ya kwanza iliyotengwa mahususi kuchunguza miale ya eksirei itokayo nyotani, na kwa ajili ya siku hiyo ikapewa jina Uhuru. Unga ule ule wa alumini uliosaidia kombora kutoshea katika nyambizi ndio ulioisaidia dunia kuziona nyota kwa jicho jipya kutoka pwani yetu, nami sijui habari nyingine ya roketi inayonifurahisha kama hiyo.

Kuhusu sehemu ya pili, njia za nyambizi hizo ni siri na hakuna atakayekuonyesha ramani. Linalojulikana ni hili. Polaris ya toleo la tatu, iliyoanza kazi mwaka 1964, ilikuwa na masafa ya kilomita 4,600 hivi, na kwa masafa hayo sehemu za kusini mwa Muungano wa Kisovieti ziliweza kufikiwa kutoka Bahari ya Arabuni. India leo ina nyambizi zake za makombora zilizo na kambi katika Bahari ya Hindi. Mwezi Desemba 1971 Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa liliitangaza Bahari ya Hindi kuwa eneo la amani, lakini tangazo hilo halikuwa na nguvu ya kumzuia yeyote. Mkataba wa Pelindaba, uliotiwa saini Cairo mwaka 1996 na kuanza kutumika mwaka 2009, unakataza silaha za nyuklia kuwekwa katika nchi wanachama za Afrika, Kenya ikiwemo, ila unaiachia kila nchi uamuzi wa kuruhusu au kukataa meli za kigeni zitie nanga bandarini mwake. Sheria ya bahari nayo inaitaka nyambizi yoyote ya kigeni inayopita ndani ya maili 12 za baharini kutoka pwani yetu iende ikiwa juu ya maji na ipeperushe bendera yake. Nje ya maili hizo, ambazo ni takriban kilomita 22 kutoka ufukweni, inaruhusiwa kuzama tena.